Ngoma Si Lori la Kubebea Ujumbe: Uhakiki Kutoka Kibakwe

Nianze na kisa, maana bila kisa hiki makala haya yasingekuwapo. Ni kiangazi cha mwaka 2013, Kibakwe, wilaya ya Mpwapwa, nami niko darasa la sita. Gari la mradi mmoja wa afya (jina lake halitatusaidia kitu hapa) lilifika kijijini likiwa na kipaza sauti juu na vijana watatu ndani, wamevaa fulana za rangi moja. Siku chache kabla ya hapo mtendaji alikuwa amepita kwa akina mama wa kikundi cha muheme akawaachia karatasi. Karatasi ile ilikuwa na maneno ya Kiswahili: chimba choo, funika choo, nawa mikono kwa sabuni. Kazi ya akina mama ilikuwa kuyatia maneno yale ndani ya ngoma. Wakayatia. Walizibana ngoma mapajani kama ilivyo ada ya muheme, shanga zikaruka mabegani, vijana wa mradi wakapiga picha kwa furaha, kila kaya ikapewa kipande cha sabuni, na gari likaondoka mapema kwa kuogopa njia.

Jioni ngoma ilipigwa tena. Safari hii ilikuwa uani kwa mama mmoja wa kikundi kile kile, palipokuwa na ujimbi, na hapakuwa na kipaza sauti wala fulana. Mapigo yalikuwa yale yale ya mchana. Maneno yaligeuka Kigogo, na yaligeuka pia kwa maana nyingine. Mwanzishaji aliuliza mikono itanawiwa kwa maji gani, wakati pampu ya kisima imekufa tangu masika. Waitikiaji wakadakia. Kisha sauti moja ya pembeni, ya mama mtu mzima, ikamtaja kwa jina la utani mjumbe wa kamati ya maji aliyekuwa na fedha za spea. Sauti nyingine ikamtetea, ikisema fedha zenyewe hazikutosha hata nauli ya kwenda mjini. Watu wakacheka hadi machozi. Mjumbe mwenyewe alikuwa pale pale, kata yake mkononi, akicheka kwa shida kidogo. Pampu ilikuja kutengenezwa mwaka uliofuata. Kama ni kwa sababu ya wimbo ule au la, kila mtu Kibakwe ana maelezo yake.

Ripoti ya mradi ule sijaiona. Lakini nyote mliowahi kusoma ripoti za namna hiyo mnaweza kuikisia: ngoma ya asili ilitumika kufikisha ujumbe, na ujumbe ulifika. Nia yangu katika makala haya si kuwacheka watu wa miradi. Nia yangu ni kuonyesha kwamba ripoti ile ingeweza kuandikwa na yeyote kati yetu sisi tunaojiita wahakiki wa fasihi, tena ikapata alama nzuri.

Hebu tujikumbushe. Tangu kidato cha tatu tumezoeshwa kuikata kazi ya fasihi vipande viwili, fani huku, maudhui kule, halafu chini ya maudhui tukapanga dhamira, ujumbe, msimamo, kama mama mwenye duka anavyopanga sabuni na viberiti. Tukifika kwenye fasihi simulizi mambo huwa mabaya zaidi. Tunaandika: "Fanani ametumia wimbo kufikisha ujumbe kwa hadhira." Kufikisha! Kana kwamba ujumbe ulikuwapo tayari mahali fulani, umefungwa kwenye gunia, na wimbo ni lori lililokodiwa kuupeleka. Kwa mtazamo huo ngoma ya mchana na ngoma ya jioni ni kitu kimoja, kilichobadilika ni mzigo tu. Mimi nilikuwapo mara zote mbili, na nasema hazikuwa kitu kimoja. Ya mchana ilikuwa inasema. Ya jioni ilikuwa inasemezana.

Wazo hili la ngoma-lori lina historia yake nchini mwetu, na ajabu ni kwamba sehemu kubwa ya historia hiyo inapita katika uwanda wetu huu wa kati. Mathias Mnyampala alizaliwa Ugogo mwaka 1917. Ndiye aliyetuandikia historia, mila na desturi za Wagogo (1954), na ndiye anayejulikana kuwa baba wa ngonjera. Mwaka 1968 Mwalimu Nyerere alikutana na washairi akawaomba walieneze Azimio la Arusha kwa kalamu zao, na Ngonjera za UKUTA za Mnyampala, zilizotoka 1970 na 1971 baada ya yeye mwenyewe kufariki mwaka 1969, zikaenea shuleni nchi nzima. Sasa itazameni ngonjera kwa jicho la fani. Wapo wawili wanaojibizana: asiyejua na ajuaye. Asiyejua anauliza, anapinga, anadhihaki kidogo. Ajuaye anamwelimisha ubeti kwa ubeti. Mwishowe asiyejua anakiri na wote wawili wanaimba pamoja. Ni majibizano, ndiyo, lakini ni majibizano ambayo mshindi anajulikana kabla ya mtu kufungua kinywa. Simlaumu mzee wetu. Aliishi katika wakati uliohitaji sauti moja, na ustadi wake wa mizani hauna mfano. Ninachosema ni kwamba aliichukua tabia ya watu kujibizana akaifunga breki. Na breki ile ndiyo iliyorithiwa na kila kikundi cha sanaa kilichokodiwa tangu hapo kuimba kuhusu mbolea, chanjo, kodi au vyoo.

Hata hivyo si kila kitu cha miaka ile kilikuwa cha sauti moja. Mwaka 1973 palikuwa na kampeni ya Mtu ni Afya, iliyoendeshwa kwa redio, vijitabu na vikundi vya kusoma, na inakadiriwa kuwa watu wazima wapatao milioni 2 walishiriki. Mada zilikuwa malaria, kichocho, kuhara na mengineyo, na watu walichimba vyoo kwa wingi. Bibi yangu alikuwa mmojawapo. Nilipomuuliza alichokisikia redioni hakukumbuka hata sentensi moja. Alichokumbuka ni ubishi. Kiongozi wa kikundi akishazima redio na kusoma kijitabu, wazee walikuwa wakikataa kata kata kuchangia choo na wakwe zao. Mtu na mkwewe kuingia shimo moja! Redio haikuwa imefikiria jambo hilo. Aliyelitungia kijitabu pengine hakuwa na mkwe. Kikundi kilikaa juma zima kwenye hoja ya mkwe, kikaamua mashimo mawili, au moja lenye zamu, nimesahau. "Tulikuwa tunangoja redio inyamaze tuanze mazungumzo," aliniambia, "maana yenyewe ilikuwa haituachii nafasi." Wenzangu wa isimu mtaniwia radhi, lakini sijapata kusoma nadharia ya mawasiliano iliyonikaa kichwani kama kauli hiyo.

Chuo kikuu chetu nacho kiliwahi kuligundua jambo hili. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 Penina Mlama, Amandina Lihamba na Eberhard Chambulikazi walikwenda Malya, Kwimba, mkoani Mwanza, bila mchezo mkononi. Walikaa na wanakijiji, wakatafuta kwanza ni nini kinachowauma, ndipo vijana wa pale pale wakatunga na kucheza, wakiitumia wigashe, ngoma ya Wasukuma inayochezwa watu wameketi. Baada ya kucheza ukafuata mjadala, na mjadala ulihesabiwa kuwa ni sehemu ya sanaa yenyewe wala si kipindi cha maswali na majibu. Mlama aliyaeleza haya kwa urefu katika kitabu chake cha mwaka 1991 kuhusu utamaduni na maendeleo. Nakisifu kitabu hicho. Lakini najiuliza kwa nini, zaidi ya miaka 30 baadaye, mradi uliokuja kwetu ulikumbuka ngoma ukasahau mjadala. Jibu langu ni la kihuni kidogo: ngoma unaweza kuipiga picha, ubishi wa mkwe huwezi.

Sasa nije kwenye jambo lililonifanya nitake kuandika kwa dhati, na wanaotoka Dodoma naomba wanisikilize kwa makini. Julai 1993 Redio Tanzania Dar es Salaam ilianza kurusha mchezo wa Twende na Wakati, mara mbili kwa juma. Shabaha ilikuwa uzazi wa mpango na kujikinga na UKIMWI. Wengi wenu wazazi wenu wanamkumbuka Mkwaju, dereva wa lori mwenye mwanamke kila kituo, na mkewe Tunu anayechoka kuvumilia akasimama kwa miguu yake. Mkwaju anakufa kwa UKIMWI. Mchezo ule ulirushwa karibu nchi nzima isipokuwa katika eneo la mtambo wa Dodoma. Haikuwa hitilafu ya mitambo. Watafiti, akiwamo Everett Rogers wa Marekani, walihitaji mahali ambapo mchezo haukusikika, ili wapalinganishe na mahali uliposikika. Kwa hiyo hadi Septemba 1995, saa ya Mkwaju ilipofika, kituo cha Dodoma kilikuwa kikitangaza vipindi vyake chenyewe. Matokeo yalichapishwa mwaka 1999, na yalikuwa mazuri: palipokuwa na Mkwaju matumizi ya uzazi wa mpango yalipanda kuliko Dodoma, na Dodoma nayo ikaanza kubadilika baada ya kufunguliwa.

Nilipousoma utafiti huo mara ya kwanza nilikasirika kwa sababu iliyo wazi. Miaka miwili, katika kipindi kile cha kuzika kila juma, mkoa wangu ulikuwa kipimo. Nilipousoma mara ya pili, hasira yangu ilihama. Wataalamu hawa walifanya kazi ya kweli, na mtu akiniambia kwamba bila kulinganisha tusingejua kama mchezo unaokoa watu, sina la kumjibu kwa haraka. Kinachonisumbua sasa ni lile wazo lililo chini ya jedwali: kwamba pasipofika mchezo, pana kimya. Dodoma ni safu ya wasiosikia. Lakini bibi yangu anasema miaka hiyo hiyo Kibakwe walikuwa tayari na wimbo wa kumsuta mwanamume aliyerudi na treni, akashuka Gulwe amekonda, na bado anataka aandaliwe mke wa pili. Hakuna aliyewapa karatasi. Je, wimbo ule uliokoa mtu? Sijui, na hakuna aliyepima. Ndiyo maana siwezi kujidai kwamba ngoma yetu ilitosha. Takwimu zinasema Mkwaju alifanya kazi ambayo wimbo wa Gulwe haukuifanya, ama haukuifanya kwa kasi ile.

Ila ndugu msomaji, angalia Mkwaju alivyofanya kazi hiyo. Watafiti wenyewe wanakiri kuwa mchezo ulishika zaidi pale wasikilizaji walipouzungumza na wenzi na rafiki zao. Jina la Mkwaju likawa tusi la mitaani. Mwanamume asiyetulia akaitwa Mkwaju mbele za watu. Maana yake nini? Maana yake watu walilichukua jina kutoka redioni wakaenda kulifanyia kile kile ambacho akina mama wa Kibakwe walimfanyia mjumbe wa kamati ya maji. Walisuta kwalo. Mchezo ulipata nguvu siku ulipotoka mikononi mwa waliouandika. Ukiuhakiki kwa kuangalia "ujumbe" tu, utaona uzazi wa mpango na kondomu, basi, hutamwona shangazi anayemwambia shemeji yake mezani, "Haya Mkwaju, pokea mlenda."

Kuna mwenzangu wa darasa, mtu wa hoja, aliyenisomea rasimu ya makala haya akaniuliza: "Wewe bwana, kipindupindu kitangoja mpaka ngoma imalize kubishana?" Hapana, hakitangoja. Pakiwa na kipindupindu pita na kipaza sauti, sema chemsha maji, ondoka. Hilo ni tangazo, nalo lina heshima yake. Kosa ni kuliita tangazo hilo sanaa ya asili kwa sababu limevikwa shanga.

Nirudi kwenye fani, maana huko ndiko tunakotakiwa kuwa na utaalamu. Nyimbo za Wagogo zinasifika kwa sauti nyingi kwenda pamoja, kila moja na njia yake. Hukwe Zawose, mzaliwa wa Doduma aliyefariki mwaka 2003, aliupeleka mlio huo kwenye majukwaa ya Ulaya na zeze na ilimba yake, na huko walimshangilia bila kuelewa neno hata moja. Sisi huku tuna kosa la kinyume chake: tunaelewa maneno yote na kuacha kuisikia ngoma. Katika muheme mwanzishaji si msemaji wa kikundi. Anatupa wazo, waitikiaji wanaweza kulikubali, kulipinda au kuliacha lianguke, na sauti ya pembeni ina ruhusa ya kuingia na neno lake bila kuomba nafasi. Sifa hiyo ya fani ndiyo maudhui makubwa kuliko yote: hakuna mwenye neno la mwisho. Ukiandika maneno ya kuimbwa kwenye karatasi, tena kwa lugha ambayo nusu ya waimbaji hawaitanii, umekwisha kuiondoa sifa hiyo hata kama hukugusa pigo moja la ngoma.

Lakini nisije nikaonekana naimba sifa za kwetu. Muheme uliotufikia umetoka katika jando la wasichana, na jando hilo lilikuwa na kisu. Mwaka 1998 sheria ilipiga marufuku kumkeketa msichana aliye chini ya miaka 18. Hata hivyo utafiti wa afya wa kitaifa wa 2015 na 2016 ulikuta asilimia 47 ya wanawake wa mkoa wa Dodoma wamekeketwa, mkoa wa pili nchini baada ya Manyara. Ngoma zile zile ninazozitetea zilikuwa zikifunika kilio. Wasomi wetu wanaopenda kusema "mawasiliano ya asili" kwa sauti ya upole, kama vile kila kilicho cha asili ni uji wa mtoto, wangefaa kulikumbuka hilo. Njia ya mawasiliano haina utakatifu. Kilichopitishwa humo kwa vizazi kilikuwa na hekima na kilikuwa na jeraha.

Na hapo ndipo nauona uzito wa jambo hili, zaidi ya vyoo. Wimbo dhidi ya kisu ukiandikwa ofisini na kuletwa kwa gari, utaimbwa vizuri sana mchana. Nimewahi kuusikia. Jioni yake, uani, nilisikia pia mama mmoja akiimba kwamba wageni wanajua kila kitu isipokuwa jinsi binti asiyekatwa atakavyopata mume. Ilikuwa hoja mbaya, lakini ilikuwa hoja ya kweli, ile ambayo watu walikuwa nayo vifuani. Baada ya kimya kidogo binti yake aliyeolewa Rudi akamjibu, kwa mapigo yale yale, kwamba yeye mume alimpata pamoja na kidonda, na kwamba mtoto wake wa kwanza alimzaa nusu akiwa maiti. Mama hakuitikia. Ngoma iliendelea bila maneno kwa muda mrefu. Je, hapo kwa lugha yetu ya darasani "ujumbe ulifika"? Mimi nasema hapakuwa na ujumbe pale. Palikuwa na mama na binti yake, na ngoma iliyowaruhusu kuambiana mbele za watu jambo ambalo jikoni lisingetamkika.

Nimewasema watu wa miradi, nimewasema watafiti, nimemgusa hata marehemu Mnyampala. Haki inadai nijiseme na mimi.

Mwaka juzi nilirudi nyumbani kukusanya nyimbo kwa ajili ya tasnifu yangu. "Mbukwenyi," niliwaamkia akina mama, wakaniitikia kwa vicheko kwa jinsi nilivyotamka. Nilinasa dakika 52 kwa simu. Nilipokuja kuzinakili hapa chuoni nilianzia dakika ya 11, pale nilipoona wimbo "umeanza". Nikaondoa vikohozi, nikaondoa aliyekosea akarudia, beti nikazipanga zikapangika. Msimamizi wangu akaisifu nakala kwa usafi wake.

Katika zile dakika kumi nilizoziruka akina mama wanabishana nani aanzishe. Mmoja anakataa kwa sababu mara iliyopita wimbo wake ulimgusa shemeji yake na nyumbani hakukukalika. Mwingine anamwambia afadhali asikalike yeye kuliko kunyamaza wote. Wa tatu anauliza huyu mtoto na simu yake anatunasa ili akatuuze wapi. Nimezirudia wiki hii. Karibu nusu yake siisikii vizuri, jogoo anawika jirani kabisa na simu, na Kigogo changu kimepungua tangu nije mjini. Itabidi nimpigie bibi.